Kulinda mapafu baada ya operesheni: mwongozo kamili wa spirometa ya mazoezi

Spirometa ya mazoezi ya aina ya kawaida, yaani kifaa cha plastiki chenye vijipira vitatu ambacho wagonjwa wengi waliopasuliwa Nairobi hupewa wodini au hutumwa kukinunua, kwa kawaida huwa na namba tatu zilizochapishwa ubavuni: 600, 900 na 1200. Hizo ni mililita za hewa kwa sekunde. Mgonjwa akivuta kwa kishindo, vijipira vyote hurukia juu na jamaa waliokuja kumwona humpongeza. Sasa piga hesabu. Mvuto wa namna hiyo huchukua kama nusu sekunde. 1200 mara nusu ni mililita 600, kiasi ambacho hakizidi sana pumzi ya kawaida ya mtu mzima aliyetulia, ambayo ni kama mililita 500. Mgonjwa wa kitanda cha pili aliyeinua kijipira kimoja tu na kukishikilia juu kwa sekunde tatu ameingiza 600 mara tatu, yaani mililita 1,800. Huyo ndiye aliyefanya zoezi.

Makosa mengi yanayofanyika na kifaa hiki hutokana na kudhani kwamba kinapima nguvu. Kazi yake ni kukuonyesha kama umevuta hewa polepole, nyingi, na kwa muda wa kutosha kufungua sehemu za chini za mapafu. Kinakuonyesha tu, kupumua ni kwako.

Kwa nini mapafu hudhoofika baada ya kupasuliwa

Dawa ya usingizi hulegeza misuli yote, pamoja na kiwambo, ule msuli mpana unaotenganisha kifua na tumbo. Ukiwa umelala chali mezani, tumbo husukuma kiwambo juu na vifuko vidogo vya hewa vilivyo chini na nyuma ya mapafu hujikunja vikafunga. Hili huwapata watu wengi mno waliopewa dawa ya usingizi, hata wenye mapafu mazima. Kwa kawaida vifuko hivyo hufunguka tena vyenyewe, kwa sababu mtu mzima huvuta pumzi ndefu mara kadhaa kila saa bila kufikiri, na kila pumzi ya aina hiyo hukunjua vilivyojikunja.

Baada ya operesheni pumzi hizo ndefu hupotea. Kidonda kinauma, kwa hiyo unapumua juu juu. Dawa kali za maumivu za jamii ya mofini hupunguza msukumo wa kupumua. Makohozi nayo hukwama, kwa kuwa vinyweleo vinavyoyasukuma kutoka ndani ya mapafu hufanya kazi kivivu baada ya dawa ya usingizi, na kukohoa kunaogopesha. Sehemu ya pafu iliyofunga, ikikaa na makohozi ndani, ndipo nimonia inapopata mahali pa kuanzia.

Hatari haiko sawa kwa wote. Kidonda kikiwa karibu na kiwambo, mambo huwa magumu zaidi. Operesheni ya kifua, moyo, ini, bandama, tumbo la chakula, au ya nyongo kwa mkato mkubwa ndizo zinazopunguza pumzi kuliko zote. Baada ya mkato wa tumbo la juu, kiasi cha hewa unachoweza kuvuta huweza kushuka hadi nusu, na huchukua siku nyingi kurudi. Operesheni ya ngiri, ya goti au ya kujifungua haiathiri mapafu kiasi hicho. Ongeza hatari ikiwa mgonjwa anavuta sigara, ana pumu au ugonjwa mwingine wa mapafu, ana uzito mkubwa, umri umesonga, au amepikia kuni, makaa au mafuta ya taa kwa miaka mingi katika chumba kisichopitisha hewa. Huyo wa mwisho mara nyingi husahaulika, kwa sababu akiulizwa kama anavuta sigara hujibu hapana na fomu inaendelea.

Jambo la Nairobi lenyewe: jiji liko karibu mita 1,700 juu ya usawa wa bahari. Kanieneo ya hewa ni pungufu ya ile ya Mombasa kwa kiasi kisichofika moja ya tano, na oksijeni hupungua kwa kiwango hicho hicho. Mtu mwenye afya hapa anaweza kusoma 95 au 96 kwenye oksimita ya kidole, kile kifaa kinachopima asilimia ya oksijeni katika damu, na asiwe na tatizo lolote. Aliyetoka Mombasa kuja kupasuliwa asishtuke akikosa 98 aliyoizoea nyumbani. Hata hivyo ajue kwamba akiba yake ni ndogo zaidi huku juu, na pafu likifunga kidogo namba hushuka upesi kuliko ingekuwa pwani.

Kijue kifaa kabla ya kukilipia

Spirometa ya mazoezi ilianza kutumika miaka ya 1970, kutokana na kazi ya daktari mpasuaji Mmarekani Robert Bartlett, aliyetaka mgonjwa aige pumzi ndefu ya mwayo. Ziko aina mbili zinazovutwa.

Ya vijipira ndiyo rahisi kwa bei na ndiyo utakayoiona mara nyingi. Ina vyumba vitatu vilivyosimama, kijipira kimoja katika kila chumba, mrija wenye mikunjo, na kipande cha kuweka mdomoni. Inaonyesha kasi ya hewa. Kiasi unakipata mwenyewe kwa kuzidisha namba ya chumba kwa sekunde ulizoshikilia. Soma namba za kifaa chako, kwa kuwa si lazima zifanane na za mtengenezaji mwingine.

Ya pistoni ina mnara mmoja mpana wenye mistari ya mililita, mara nyingi hadi 2,500, 4,000 au 5,000. Pembeni kuna kidude kidogo cha kuonyesha kasi, na alama ya kutelezesha kwa kidole ili kuweka lengo. Kama bajeti inaruhusu, chukua hii. Inakuonyesha kiasi moja kwa moja na inakukemea ukivuta haraka, kwa hiyo ni vigumu kujidanganya nayo.

Dukani, iwe ni duka la vifaa vya hospitali la Upper Hill au duka la dawa mtaani kwenu, dai pakiti ambayo haijafunguliwa. Angalia kupitia plastiki: mrija usiwe na ufa, kipande cha mdomoni kiwemo, vijipira vicheze ukiinamisha pakiti, na ya pistoni iwe na karatasi yenye jedwali la urefu na umri. Kifaa "kilichotumika kidogo tu" usikiguse hata kwa bei ya kutupa. Unyevu wa pumzi ya mwenzako umebaki ndani ya mrija, na katika jiji lenye kifua kikuu hilo si suala la kinyaa peke yake.

Vipo pia vifaa vya kupuliza, ambavyo hutoa ukinzani wakati wa kutoa hewa ili kulegeza makohozi. Hivyo ni dawa nyingine kabisa na tutavigusa baadaye.

Kazi kubwa hufanyika kabla ya operesheni

Mwaka 2018 yalichapishwa matokeo ya jaribio lililofanyika Australia na New Zealand kwa wagonjwa 441 waliokuwa wakienda kupasuliwa tumbo la juu. Nusu yao walipewa kijitabu tu. Nusu nyingine walipewa kijitabu na kikao kimoja cha nusu saa na mtaalamu wa fiziotherapia, akawaeleza kinachotokea mapafuni na kuwafundisha kupumua na kukohoa. Matatizo ya mapafu katika kundi la pili yalipungua kwa nusu. Kikao kimoja tu! Kumfundisha mtu kabla hajapasuliwa, akili ikiwa timamu na tumbo haliumi, kunashinda kumfundisha akiwa amelewa dawa kitandani.

Kwa hiyo kama operesheni ni ya kupangiwa, omba kuonana na mtaalamu wa fiziotherapia mapema, na nunua kifaa wiki moja au mbili kabla. Kaa wima, vuta mara tatu kwa kupumzika kati yake, na uandike namba iliyo kubwa zaidi. Kwenye pistoni ni mililita. Kwenye vijipira andika kijipira kipi na sekunde ngapi. Karatasi hiyo nenda nayo hospitalini. Ndiyo itakayokuwa kipimo chako, kwa kuwa jedwali la kiwandani linakadiria tu.

Sigara iache sasa. Wiki nne au zaidi kabla ya operesheni ndiyo bora, lakini kuacha leo ni afadhali kuliko kutoacha. Mwenye pumu abebe inhela yake na amtajie daktari wa dawa ya usingizi. Mswaki pia: piga asubuhi na usiku, kabla na baada, maana vijidudu vya mdomoni ndivyo vinavyoteremka mapafuni mgonjwa anapolala chali.

Hatua kwa hatua

Muuguzi au daktari akiruhusu, anza siku ile ile unapozinduka vizuri, unajibu maswali na humezi mate kwa shida.

1. Tuliza maumivu kwanza. Ukipewa kidonge, subiri dakika 30 hadi 45 ndipo uanze. Anayejikaza asimeze dawa ya maumivu "ili asiizoee" ndiye anayeishia kupumua juu juu. Dawa ikikutia usingizi mzito, mwambie muuguzi, kwa kuwa hiyo nayo hupunguza pumzi.

2. Kaa wima. Kiti ni bora kuliko kitanda. Kama ni lazima kitanda, inua upande wa kichwa kadiri unavyoweza na uvutwe juu ili kiuno, wala si mgongo, kiwe pale kitanda kinapokunjikia. Mgonjwa aliyeteleza chini akajikunja kama ndoana amelibana tumbo na kiwambo hakina pa kushukia.

3. Shika kifaa kwa mkono mmoja, wima, usawa wa macho. Mkono mwingine uwekwe juu ya kidonda, ukibana kwa upole mto mdogo au leso iliyokunjwa mara nne.

4. Toa hewa taratibu kwa mdomo, kifaa kikiwa pembeni. Toa kama kawaida, usijikamue hadi mwisho.

5. Weka kipande cha mdomoni juu ya ulimi, funga midomo kukizunguka kabisa.

6. VUTA hewa kupitia mdomo, polepole. Kwenye vijipira, inua cha kwanza na ukiweke juu kwa sekunde tatu, ukijaribu cha pili kisipande au kipande kidogo tu. Ukishamudu hilo kwa siku nzima, lenga vijipira viwili. Cha tatu kikae chini, ndicho kinachokuambia kwamba hujaharakisha. Kwenye pistoni, weka kidude cha kasi ndani ya eneo lililochorwa huku pistoni ikipanda.

7. Hewa ikijaa, usiachie. Bana pumzi sekunde tatu hadi tano. Pistoni itaanza kushuka au kijipira kitaanguka, hilo ni sawa kabisa. Sekunde hizi ndizo zinazoipa hewa nafasi ya kupenya kwenye vifuko vilivyofunga.

8. Toa kifaa mdomoni, toa hewa taratibu, kisha upumue kawaida mara mbili au tatu. Ukiruka kituo hiki utapata kizunguzungu.

9. Rudia hadi mara kumi. Ukichoka gawanya tano, pumzika dakika mbili, kisha tano.

10. Malizia kwa kukohoa, kama itakavyoelezwa.

Fanya hivyo kila saa ukiwa macho. Kuanzia saa moja asubuhi hadi saa tatu usiku ni duru 15, pumzi 150. Usizilimbikize. Pumzi 75 asubuhi na 75 jioni hazifanyi kazi ile ile, kwa sababu vifuko hufunga tena ukikaa saa kadhaa bila pumzi ndefu. Njia rahisi ya kukumbuka ni taarifa ya habari ya kila saa redioni. Habari zikianza, kifaa mkononi. Kisiwekwe kwenye droo wala dirishani mgonjwa asipofika. Kiwe juu ya meza ya kitanda, upande wa mkono wake wenye nguvu.

Siku ya kwanza usitarajie namba ya nyumbani. Kama ulikuwa unavuta 2,400, kuona 1,100 au 1,200 baada ya mkato mkubwa wa tumbo ni jambo la kutarajiwa. Weka alama mahali ulipofika, kisha uisogeze juu mililita 100 au 200 kila unapoifikia kwa urahisi. Kinachotakiwa ni mwelekeo wa kupanda. Namba iliyokuwa 1,600 jana ikashuka hadi 1,000 leo ni habari ya kumpelekea daktari, hata kama bado unajihisi vizuri.

Kukohoa bila kupasua nyuzi

Hofu ya nyuzi kukatika ni kubwa, na kwa kidonda kilichoshonwa vizuri na kushikiliwa kwa mto haina msingi mkubwa. Kinachouma ni mtikisiko, kwa hiyo uzuie. Kumbatia mto uliokunjwa au leso nene juu ya kidonda, inama mbele kidogo, na kama umekaa kitandani kunja magoti ili tumbo lilegee. Aliyepasuliwa moyo kupitia mfupa wa kidari aukumbatie mto kifuani kwa mikono yote miwili, na asijisukume kwa mikono anapoinuka.

Anza na mpumuo wa "haa": vuta hewa ya wastani, fungua mdomo na koo, kisha isukume nje kwa haraka kana kwamba unataka kuweka ukungu kwenye kioo. Mara mbili au tatu. Huu husogeza makohozi juu bila maumivu makali. Yakishafika kooni, kohoa mara mbili au tatu kwa nguvu, uyateme kwenye karatasi ya shashi na uyaangalie rangi. Kusafisha koo kwa "ehem" hakuhesabiki, kwa kuwa hakufiki mapafuni.

Hapa tuseme jambo moja kuhusu kufunga tumbo. Akina mama wengi wakishajifungua kwa operesheni hukazwa leso tumboni mchana kutwa, kwa nia njema. Leso iliyokazwa huzuia kiwambo kushuka na kuharibu zoezi lote. Ukiitaka, ilegeze hadi kiganja kipite chini yake, na uifungue kabisa wakati wa kupumua.

Mbona haifanyi kazi?

Hakuna kinachosogea hata ukijitahidi. Karibu kila mara mgonjwa anapuliza. Mwambie avute. Kama anavuta na bado hakuna kitu, angalia mrija ulipochomekwa, huchomoka kirahisi upande wa kifaa. Pitisha kidole kwenye mikunjo utafute ufa. Ufa mdogo tu unatosha kupitisha hewa yote pembeni.

Hupanda kidogo kisha huanguka. Midomo haijafunga au hewa inapita puani. Mwenye meno ya bandia ayavae. Bana pua kwa vidole kwa pumzi mbili tatu. Namba ikipanda ghafla, umepata jibu. Mwingine huziba tundu kwa ulimi bila kujua.

Vijipira vyote vinapanda lakini kifua hakitanuki. Huyu anafyonza kwa mashavu. Utaona mashavu yamebonyea. Weka viganja vyake kwenye mbavu za chini na umwambie avisukume nje kwa pumzi. Mbavu zisiposogea, pumzi hiyo haihesabiwi.

Kijipira kinapanda kwa urahisi wa ajabu. Kifaa kimelala. Kikiinamishwa, kijipira hupanda kwa hewa kidogo na namba zinakuwa uongo mtupu. Kisimamishe.

Kizunguzungu, ganzi midomoni au vidoleni. Umepumua upesi mno na kupoteza hewa chafu nyingi. Sitisha zoezi, pumua kawaida dakika chache, kisha uendelee na mapumziko marefu zaidi kati ya pumzi. Kikirudi hata ukienda polepole, mwite muuguzi.

Kikohozi kinaanza kila ukivuta. Mara nyingi ni dalili njema, makohozi yamesogea. Kohoa, teme, endelea. Kikiwa kikavu chenye mluzi, na una pumu, tumia inhela uliyoandikiwa na umjulishe daktari.

Maumivu yanakukatiza katikati. Usipunguze idadi ya duru, punguza kina cha pumzi kwa siku hiyo, na uombe dawa ya maumivu ipangwe upya. Pumzi fupi kumi kila saa ni bora kuliko kususa.

Kama huna kifaa

Hili lisikukoseshe usingizi. Wataalamu waliokusanya tafiti za spirometa baada ya operesheni za tumbo na moyo hawakupata ushahidi wa kutosha kwamba kifaa peke yake kinashinda pumzi ndefu zinazofanywa vizuri, na mwongozo wa wataalamu wa upumuaji wa Marekani wa mwaka 2011 ulishauri kisitumike peke yake bila kukohoa na kutembea. Wengine huchukua matokeo hayo kuwa sababu ya kukitupa. Kwa maoni yetu bado kina faida moja ya kweli, nayo ni kwamba mgonjwa anaona namba, na aonaye namba hukumbuka kurudia. Lakini familia isikope pesa kwa ajili yake.

Bila kifaa fanya hivi: kaa wima, viganja kwenye mbavu za chini. Vuta hewa puani polepole kwa sekunde tatu au nne hadi mbavu zisukume viganja. Ukidhani umejaa, nusa kidogo zaidi kama mara mbili. Bana sekunde tatu. Toa kwa mdomo, midomo ikiwa imebanwa kidogo. Mara kumi, pumzika, mara kumi tena, kisha kohoa mara tatu na mto. Kila saa.

Mtoto mdogo haelewi maelezo hayo. Mpe mapovu ya sabuni apulize, kwa kuwa kabla ya kupuliza lazima avute pumzi ndefu.

Kuhusu vifaa vya kupuliza na ile chupa ya maji yenye mrija ambayo baadhi ya hospitali hutumia: visianzishwe nyumbani kwa kuiga. Hupandisha shinikizo ndani ya kifua na kichwa. Mtu mwenye hewa iliyovuja kifuani, aliyepasuliwa umio, jicho, sikio au uso, au anayekohoa damu anaweza kudhurika. Mtaalamu akikuandikia, atakupimia kina cha maji, ambacho mara nyingi ni kama sentimita 10, na upana wa mrija. Mrija mwembamba wa sharubati hubadilisha shinikizo lote. Maji yabadilishwe kila siku na hayanywewi.

Miguu inasaidia mapafu

Hakuna mashine inayofungua mapafu kama kutembea. Siku ya operesheni au kesho yake, kwa idhini ya wauguzi, keti ukingoni mwa kitanda, kisha kitini, kisha tembea hadi mlangoni na msindikizaji. Kiwango kinachofaa ni kupumua kwa nguvu kidogo huku ukiweza kusema sentensi nzima. Mara tatu au nne kwa siku.

Wanaorudi kwenye ghorofa zisizo na lifti, na Nairobi ni nyingi, wapange mapema. Panda ngazi kwa kituo kila ghorofa, mtu akiwa nyuma yako, na siku za kwanza usishuke bila sababu. Baadaye ngazi hizo zitakuwa zoezi zuri kuliko lolote.

Chumba cha kulala kisiwe na moshi. Miezi ya Juni hadi Agosti baridi huwafanya watu waingize jiko la makaa ndani na kufunga dirisha. Kwa mgonjwa huyu ni hatari maradufu, kwa sababu gesi ya makaa huidanganya oksimita. Itasoma 97 huku damu ikiwa imebeba sumu badala ya oksijeni. Fagia kwa kitambaa kibichi, na uji na maji ya kunywa yawe karibu kama daktari hajaweka kikomo, ili makohozi yawe mepesi.

Usafi

Kila jioni chomoa kipande cha mdomoni, kioshe kwa sabuni na maji ya uvuguvugu, kisuuze kwa maji yaliyochemshwa yakapoa, kikung'ute na kikaukie hewani. Mwili wa kifaa ufutwe nje tu. Usiuzamishe majini wala kuuchemsha, maana plastiki hupinda na vijipira hukwama. Mrija ukiwa na matone ndani uning'inize ukauke. Makohozi yakiingia ndani yake, nunua mwingine.

Wakati wa kuacha zoezi na kutafuta msaada

Pumzi ikikatika ghafla, kifua kikichoma unapovuta hewa, midomo ikibadilika rangi, mgonjwa akichanganyikiwa au akikohoa damu, ni dharura: 999 au 112, au gari la kwanza linalopatikana kwenda hospitali. Ndama mmoja wa mguu ukivimba na kuuma, usiukande wala kuuchua. Huenda damu imeganda na inaweza kusafiri hadi mapafuni. Nenda siku hiyo hiyo.

Oksimita iliyo chini ya 90 baada ya kupasha vidole joto na kufuta rangi ya kucha au hina nyeusi isingoje asubuhi. Vilevile vifaa hivi huweza kusoma juu kidogo ya ukweli kwenye ngozi nyeusi, kwa hiyo mgonjwa anayehema asiambiwe yuko sawa kwa sababu ya 93. Mwamini anavyopumua.

Homa, makohozi ya kijani au ya kahawia, na namba inayoshuka siku mbili mfululizo huhitaji daktari ndani ya siku moja. Usikubali maneno ya "homa ya kawaida baada ya operesheni, endelea na kifaa." Kufunga kwa vifuko vya hewa kumelaumiwa kwa homa hizo kwa miaka mingi bila ushahidi wa kuridhisha. Chanzo kitafutwe, kidonda na mkojo vikiwemo.

Wengi huendelea na zoezi kwa wiki mbili hivi baada ya kuruhusiwa kwenda nyumbani, wakipunguza hadi mara nne au tano kwa siku. Waliopasuliwa kifua huenda muda mrefu zaidi kwa maelekezo ya daktari wao. Acha namba ikirudi pale ilipokuwa kwenye karatasi yako ya kabla ya operesheni, makohozi yakiisha, na ngazi ukizipanda kama zamani. Kisha kifaa kitupe. Jirani akija kukiazima kwa ajili ya shangazi yake anayelazwa wiki ijayo, mfundishe zoezi la viganja kwenye mbavu, na shangazi aanze leo.